Bustanini: Mfranjipani na maji yake

Barua za mifranjipani zimezidi safari hii, na karibu zote zinauliza jambo lilelile: niumwagilie mara ngapi kwa wiki? Hatutataja idadi, kwa sababu haipo. Asili ya mti huu ni Meksiko, Amerika ya Kati na visiwa vya Karibiani, kwenye majira ya mvua yanayofuatwa na miezi ya ukame. Ndiyo maana matawi yake ni manene na laini: ni ghala la maji. Ukiwa na majani, unakunywa. Ukiyapukutisha umelala, na mmea uliolala hauna pa kuyapeleka maji unayoumiminia. Kwa hiyo maji yafuate majani, si kalenda. Majibu mengi hapa chini yanatoka kwenye kanuni hiyo.

Mfranjipani wangu uko kwenye ndoo ya lita 20, ghorofa ya tatu, upande wa barabarani. Naumwagilia kikombe kimoja kila asubuhi bila kukosa. Tangu masika majani yanageuka manjano na kudondoka, na shina karibu na udongo limekuwa laini. Nikilibonyeza linatoa maji ya kahawia. Niongeze maji au mbolea?
*Msomaji, Dar es Salaam*

Usiongeze chochote, na tafadhali usingoje wiki ijayo. Shina linalobonyea na kutoa maji ya kahawia limeoza, na uozo huo unapanda juu kila siku. Mizizi inahitaji hewa kama inavyohitaji maji. Udongo usiopewa nafasi ya kukauka huziba matundu yake yote ya hewa, mizizi ikafa, kisha kuvu wakaingia kupitia mizizi iliyokufa hadi kwenye shina. Kikombe cha kila siku ndicho kibaya zaidi, maana hakifiki chini vizuri lakini kinaiacha shingo ya shina, pale linapoingia udongoni, ikiwa mbichi mwezi mzima.

Linalowapoteza watu ni kwamba mmea wenye kiu na mmea uliozama yote hupata majani ya manjano. Shika tawi. La mmea wenye kiu lina mikunjo midogo kwenye ngozi lakini ndani bado gumu, na udongo ni mkavu hadi chini. La mmea uliozama linabonyea kama ndizi iliyoiva kupita kiasi, na udongo una unyevu, mara nyingine una harufu ya tope bovu.

Kuuokoa inawezekana ikiwa sehemu ya juu bado ni ngumu. Ung'oe mmea. Chukua kisu kikali, kifute kwa spiriti, ukate shina sentimita tano juu ya mahali laini lilipoishia. Tazama kidonda. Nyama iwe nyeupe yote na itoe utomvu mweupe kama maziwa. Ukiona doa la kahawia katikati, hata dogo kama kichwa cha kiberiti, futa kisu tena, panda sentimita mbili, kata tena. Rudia mpaka doa liishe. Hapa watu huuonea huruma mti wakaacha kidoa kimoja, na baada ya wiki tatu wanaanza upya wakiwa na tawi fupi zaidi. Ondoa majani yote isipokuwa mawili au matatu madogo ya nchani, ulaze mmea kivulini mahali pakavu siku 10 hadi 14 kidonda kifunge kovu, ndipo uupande upya kwa namna tunayoieleza kwenye swali linalofuata.

Udongo wa zamani utupe. Ndoo isugue, uiloweke nusu saa kwenye maji yenye jiki, sehemu moja ya jiki kwa sehemu tisa za maji, kisha uisuuze. Toboa matundu sita hadi manane ya upana wa kidole cha mwisho, mengine yawe ubavuni palepale chini, ili hata ndoo ikikaa sakafuni maji yapate njia. Iweke juu ya matofali mawili. Na kokoto chini ya udongo ziache: hazisaidii maji kutoka. Maji hayashuki kirahisi kutoka kwenye udongo laini kwenda kwenye kokoto. Hukwama pale mpakani, kwa hiyo eneo bichi linasogezwa juu, karibu zaidi na mizizi. Kipande cha chandarua juu ya matundu kinatosha kuzuia udongo usitoke.

Changanya sehemu mbili za udongo wa kawaida wa bustani, sehemu mbili za mchanga mkubwa wa mtoni, na sehemu moja ya samadi iliyooza kabisa, ambayo haina tena harufu ya zizini. Mchanga wa baharini usitumie. Una chumvi, na punje zake mara nyingi ni ndogo mno. Walio Arusha, Moshi au Nakuru wanaweza kuweka mawe mepesi ya volkano yaliyosagwa badala ya nusu ya mchanga.

Mmea ukishashika na kuwa na majani, mwaga lita mbili hadi tatu kwa mara moja, polepole, mpaka yatoke chini. Kisha acha. Siku ya kurudia utaambiwa na kijiti cha mishikaki: kizamishe sentimita kumi, subiri dakika moja, kitoe. Kikitoka na udongo umeganda, ngoja. Kikitoka kikavu, mwaga tena. Kwenye ndoo kama yako, juani, kiangazi cha Januari huenda ikawa kila baada ya siku tatu au nne; katika masika huenda usimwage kabisa mwezi mzima, na ikibidi uusogeze mmea chini ya paa. Sahani ya chini, kama unayo, imwage kila mara. Maji yanayokaa humo yanaozesha mizizi na yanazalisha mbu.

Shikamooni wataalamu. Nimepewa tawi la mfranjipani wa maua ya waridi. Nilichomeka tawi jingine mwaka jana siku ileile nilipokatiwa, likaoza. Safari hii nifanye nini?
*Msomaji mwanafunzi, Morogoro*

Marahaba. Tawi la kwanza liliponzwa na haraka. Kidonda kibichi kikikutana na udongo wenye unyevu, kuvu huingia kabla mmea haujajifunga.

Chagua tawi la urefu wa sentimita 30 hadi 45, lililokomaa: ngozi iwe imeanza kuwa ya kijivu, si ya kijani kibichi. Ncha laini ya kijani huoza kirahisi. Kata, uondoe majani, uliegemeze ukutani kivulini siku saba hadi 14. Utomvu utakauka na kidonda kitakuwa kigumu kama ngozi ya kiatu. Likikaa hata mwezi halidhuriki. Lina akiba yake.

Panda kwenye chungu kidogo chenye upana wa sentimita 15 hadi 20, kwa mchanga mtupu wa mtoni au mchanga sehemu tatu kwa udongo sehemu moja, bila samadi. Zamisha sentimita nane hadi kumi. Lifunge kwenye mti wa kuegemea lisitikisike, maana kila likiyumba linakata vinyweleo vya mizizi vinavyoanza. Mwagilia mara moja siku ya kupanda ili mchanga ushikane, kisha usimwage tena mpaka uone majani mapya. Tunajua hili ni gumu kwa mtu anayeupenda mmea wake. Lakini tawi lisilo na mizizi haliwezi kunywa, na maji yaliyolizunguka hayana kazi nyingine ila kulioza. Kama hali ya hewa ni kavu sana, lowanisha mchanga kidogo pembeni mwa chungu kila baada ya siku kumi.

Mizizi huchukua wiki sita hadi nane, zaidi ikiwa ni kipupwe. Usiling'oe kulichungulia. Majani mawili yaliyofunguka kabisa ndiyo ishara. Hapo anza kumwagilia kidogo, na yakifika matano au sita lihamishie kwenye ndoo.

Jambo moja litakushangaza: huenda tawi likatoa maua kabla halijawa na mzizi hata mmoja. Tabia hiyo ya kuchanua bila ardhi ndiyo iliyoufanya mti huu, katika nchi kadhaa za Asia, kuwa alama ya uhai na kupandwa mahekaluni na makaburini. Kwako wewe ni hasara, kwa sababu maua yanakula akiba iliyokusudiwa mizizi. Kivunje kikonyo chake mapema, hata kama moyo unauma.

Usihangaike na mbegu. Mche wa mbegu hauna dhamana ya kutoa rangi ya mama yake, na huchukua miaka miwili, mitatu au zaidi kuchanua. Tawi ni mti uleule ulioupenda kwa jirani.

Udongo wa kwetu ni mweusi, wa mfinyanzi. Mvua ikinyesha unanata, kiangazi unapasuka. Nimeambiwa nichimbe shimo la futi tatu nilijaze mchanga ndipo nipande. Ni sawa?
*Msomaji, Kisumu*

Hapana, na tunashukuru umeuliza kabla ya kuchimba. Shimo la mchanga ndani ya mfinyanzi ni beseni. Maji ya mvua kutoka pande zote yataingia humo kwa sababu ndimo penye nafasi, na hayatapata pa kutokea.

Panda juu, si chini. Jenga tuta la mviringo lenye upana wa mita moja na nusu na kimo cha sentimita 40, kwa udongo uliochanganywa na mchanga mkubwa na mboji. Chimba ardhi ya chini sentimita 15 tu kuilegeza, ili tuta lishikane nayo. Zungushia mawe lisimomonyoke. Shingo ya shina ibaki pale ilipokuwa kwenye chungu, usiifukie zaidi. Matandazo ya nyasi ni mazuri, lakini yakae mbali na shina kiganja kizima.

Mwaka wa kwanza, ukiwa na majani na mvua hakuna, mpe lita kumi hadi 15 kila wiki, ukimwaga kwenye mzingo ulio sentimita 50 kutoka kwenye shina. Baada ya miaka miwili mti uliopandwa ardhini hauhitaji kumwagiliwa kwa hali ya kwenu, isipokuwa ukame ukizidi miezi miwili na majani yakaanza kulegea.

Chini ya majani ya mfranjipani wangu kuna unga wa rangi ya chungwa, ukiugusa unabaki kidoleni. Juu kuna madoa ya manjano. Nimenyunyiza majivu kwenye shina bila mafanikio.
*Msomaji, Unguja*

Huo ni ugonjwa wa kutu, unaoletwa na kuvu aitwaye Coleosporium plumeriae. Unga wa chungwa ni mbegu zake, na upepo unazibeba kutoka mti hadi mti. Zinahitaji jani lililolowa kwa saa kadhaa ili ziote, kwa hiyo mwisho wa masika ndio msimu wake, na anayemwagilia jioni kwa mpira akirushia majani anauongezea msimu huo miezi mingine.

Kutu hauui mti wala hauingii kwenye matawi. Unapukutisha majani mapema, basi. Okota yote yaliyoanguka na uyachome au uyafukie mbali. Usiyaweke kwenye mboji. Chuma na yaliyo mtini kama zaidi ya nusu ya jani imeshambuliwa. Mwagilia chini tu, asubuhi. Punguza matawi yaliyobanana katikati upepo upite. Ukitaka dawa, tumia ya kuua kuvu yenye kopa (shaba) au salfa au mankozebu, kwa kipimo cha kibandiko chake, na upulizie *chini* ya majani, huko kuvu aliko. Dawa inalinda majani mapya. Yaliyokwisha kupata kutu hayaponi. Salfa usiipulize saa za jua kali, inaunguza. Vaa glavu, miwani na barakoa.

Majivu acha kabisa. Hayafiki kwenye jani, na kwa udongo wa matumbawe yanaongeza alikali (kinyume cha asidi) pale ilipokwisha kuzidi. Ikizidi zaidi mmea hushindwa kuchukua madini ya chuma, na utaona majani machanga yakiwa ya manjano huku mishipa yake ikibaki kijani. Ukiyaona hayo, tiba ni mboji nyingi kila mwaka, pamoja na madini ya chuma ya kupulizia majani yanayouzwa maduka ya pembejeo.

Kama ulichokiona ni pamba nyeupe inayonata badala ya unga wa chungwa, hao ni vidung'ata, na ukungu mweusi kama masizi unaofuata huota juu ya utamu wanaoutoa. Wafute kwa kitambaa chenye maji ya sabuni, kijiko cha chai kimoja cha sabuni ya maji kwa lita moja, au puliza jioni, rudia kila baada ya siku tano mara tatu. Mwarobaini nao unafaa: gramu 50 za kiini cha mbegu kilichotwangwa kwa lita moja ya maji, loweka usiku kucha, chuja, puliza. Angalia na mapapai jirani. Dudu moja la jamii hiyo linashambulia miti yote miwili, na mti usiotibiwa utakurudishia wadudu.

Mti una miaka minne, majani ni makubwa na ya kijani mno, maua hakuna. Naukata kila Januari uwe na umbo zuri, na naupa CAN kila mvua ikianza. Uko nyuma ya nyumba chini ya mparachichi.
*Msomaji, Nairobi*

Umetupa sababu tatu kwa barua moja, na zote unaweza kuziondoa.

Mfranjipani hutoa maua kwenye ncha ya tawi lililokomaa. Ukikata ncha, umekata maua. Jicho lililo chini ya mkato litatoa machipukizi mawili, matatu au manne, nayo yanahitaji angalau msimu mzima kukomaa. Wewe unarudi na makasi kabla hayajafika. Mti wenyewe hujigawa matawi kila unapochanua, hivyo umbo la mwavuli huja bila kisu. Kata tu tawi lililooza, lililovunjika au linalosuguana na jingine, wakati wa ukavu.

CAN ni mbolea ya naitrojeni, na naitrojeni ni majani. Vivyo hivyo urea, ambayo asilimia 46 yake ni naitrojeni. Badili uweke NPK 17-17-17, yenye naitrojeni, fosforasi na potasi kwa uwiano sawa, gramu 50 kwa mti kama wako, mwanzo wa mvua na tena baada ya wiki sita, ukiitawanya kwenye mzingo wa matawi na kuifukia kidogo kwenye udongo uliolowa. Walio na ndoo waweke kijiko cha chai kimoja kwa mwezi, wakati wa majani tu. Mmea uliolala usipewe mbolea hata punje.

La tatu ni kivuli, na hilo ndilo kubwa kuliko yote. Mti huu unataka jua la moja kwa moja saa sita kwa siku au zaidi. Chini ya mparachichi utaishi, hautachanua. Unaweza kuuhamisha ukiwa umepukutisha majani, ukichimba donge la sentimita 50. Upeleke kwenye ukuta unaotazama kaskazini: kuanzia Juni hadi Agosti jua la Nairobi liko upande huo, na ukuta utahifadhi joto usiku wa baridi.

Assalaam aleikum. Hapa kwetu kiangazi joto linapita digrii 40. Vyungu vyangu vya plastiki nyeusi viko kwenye baraza ya simiti. Kingo za majani zinaungua na juu ya udongo pana ukoko mweupe. Je, maji yanayodondoka kwenye kiyoyozi yanafaa?
*Msomaji, Maskati*

Waaleikum salaam. Yanafaa, tena kwa tatizo lako ni dawa. Ukoko mweupe ni chumvi iliyoletwa na maji na mbolea ikabaki maji yalipokauka. Chumvi hiyo ndiyo inayounguza kingo. Maji ya kiyoyozi hayana chumvi karibu kabisa. Kwanza kwangua ukoko, kisha ioshe chumvi: kwa chungu cha lita 20, mimina lita 40 polepole kwa muda wa saa moja, yote yatoke chini na yamwagwe. Fanya hivyo mara moja kila miezi miwili, mmea ukiwa na majani. Kwa kuwa maji ya kiyoyozi hayana madini pia, usisahau mbolea ile ndogo ya kila mwezi.

Plastiki nyeusi juu ya simiti inapika mizizi. Kiweke chungu ndani ya kingine kikubwa zaidi, au kizungushie gunia, na kiinue juu ya mbao. Matawi yanapenda jua la kwenu. Ni chungu kinachotaka kivuli. Mwagilia alfajiri. Na kabla ya kuelekeza mpira kwenye mmea, acha maji yaliyolala ndani yake yatoke yote: yakishapigwa na jua yanaunguza mizizi kweli. Katika joto hilo chungu chako huenda kikahitaji maji kila siku, na hilo halipingani na tuliyosema juu ya Dar es Salaam. Kijiti ni kilekile. Januari, majani yakipungua, punguza nawe.

Ni Julai na mti wangu hauna jani hata moja. Umekufa?
*Msomaji, Dodoma*

Yaelekea umelala. Kwaruza ngozi ya tawi kwa ukucha: kijani na utomvu maana yake ni mzima, kahawia kavu maana yake tawi hilo limekufa, kata mpaka ufike penye uhai. Ulio ardhini usiumwagilie. Wa kwenye chungu upe nusu lita kila baada ya wiki tatu au nne, kuzuia mizizi isikauke kabisa. Wenye mifranjipani ya majani yenye ncha ya duara na maua meupe wasishangae yao ikibaki kijani. Hiyo ni jamii nyingine, Plumeria obtusa, na haipukutishi sana. Ncha zikianza kufunguka macho ya kijani, rudisha maji kidogokidogo.

Mtoto amevunja tawi, maziwa yakamrukia mkononi. Ni sumu?
*Mama, Mombasa*

Utomvu huo unawasha ngozi, na ukimezwa unachafua tumbo. Mwoshe kwa sabuni na maji mengi sasa hivi, asijipanguse usoni. Ukiingia jichoni, lisuuze kwa maji safi yanayotiririka dakika 15 bila kulisugua, kisha mpeleke hospitali. Hata mtu mzima anayekata matawi avae glavu na mikono mirefu, na asisimame chini ya tawi analolikata. Linadondosha utomvu kwa dakika kadhaa. Kipande kilichovunjika usikitupe kama kimefika sentimita 30. Kinyooshe kidonda kwa kisu, kiweke kivulini wiki mbili, kipande mbali na njia wanayopita watoto.